Filamu ya Upweke Usiitazame Peke Yako

Kama umetumiwa filamu fupi ya huzuni na unapanga kuitazama kwenye simu saa sita usiku, ndani ya blanketi, ningekuomba usubiri. Filamu hizo ni fupi kwa dakika tu. Zinaweza kukukalia kifuani wiki nzima, na wa kumwambia huna.

Mimi huzitazama ukumbini, kwenye vituo vya utamaduni vya Nairobi, Alliance Française au Goethe-Institut, pale barabara za Loita na Monrovia zinapokutana. Ya majuzi ilikuwa ya mlinzi wa ghorofa. Asubuhi anawafungulia wapangaji geti, wanampita simu sikioni, naye anaitikia salamu ambazo hakupewa: "Salama, mama. Poa, kijana." Jioni anamimina chai, vikombe viwili. Muziki hakuna, na nilishukuru. Sipendi kuonyeshwa mahali pa kulia.

Taa zilipowashwa nilimgeukia dada aliyekaa kando yangu. "Kile kikombe cha pili kilikuwa cha nani?" Akasema cha mke aliye ushago. Mzee wa nyuma akadakia: hapana, ni cha mlinzi wa zamu ya usiku, amechelewa tu. Tulibishana mpaka viti vikaanza kupangwa.

Jaribu swali la namna hiyo. Ukimuuliza mtu "umeionaje?" atakujibu "iko poa" na habari imeishia hapo. Chagua kitu kimoja kidogo ambacho filamu imekiacha wazi. Mtu akikueleza kikombe ni cha nani, mara nyingi anakusimulia ya kwake. Sikiliza, usimkimbilie na mawaidha.

Mwaka 2025 Shirika la Afya Duniani lilitangaza kwamba mtu 1 kati ya kila 6 duniani anasumbuliwa na upweke. Nairobi upweke unajua kujificha, maana tunasalimiana kutwa: konda, mama mboga, bawabu. Unaweza kujibu "poa" kutoka asubuhi hadi jioni na asijue mtu kwamba umefiwa.

Halafu mazungumzo yakiisha, usitoke mbio. Uliza nani anaelekea steji yako. Kutembea wawili usiku ni usalama kwanza, na mambo mazito huwa mepesi kusema mkiwa mnatazama mbele, hamtazamani usoni. Watu wa Rongai, kule nje ya jiji, ndio hupata mwenza upesi. Hakuna anayetaka kuipigania ile matatu ya huko peke yake.