Spliti ya Jesus Lizard na Nirvana: inunue, ila kwa ajili ya upande usioujua

Mkuu mleta uzi, umeuliza kama kuna maana ya kulipia santuri ndogo ya mwaka 1993 ambayo upande mmoja una Nirvana, bendi maarufu ya roki ya Marekani, na wimbo "Oh, the Guilt", na upande wa pili una bendi usiyoijua, The Jesus Lizard, na wimbo wao "Puss". Umesema huo wa Nirvana unao tayari kwenye simu, na huo mwingine "hata sijui ni akina nani". Wachangiaji wengi hapo juu wamekujibu kwa hesabu ya bei. Mimi nakuja na neno tofauti kidogo, na nitalieleza kwa urefu kwa sababu hizi ndizo kazi zangu: naishi Chicago, na wikendi nipo kwenye duka la santuri zilizotumika, ambako nakagua singo, yaani santuri ndogo kama hiyo yako, na kuzipanga madaraja kabla hazijawekewa bei.

Jibu langu ni kwamba uinunue, ila uinunue kwa ajili ya upande usioujua.

Nianze na hii spliti yenyewe, maana naona kuna wadau wanaidhania ni ujanja wa biashara. Spliti ni santuri moja inayogawanwa na bendi mbili, kila moja na upande wake. Kwa lebo (kampuni za kutoa santuri) ndogo za panki, ile roki ya kasi na ukali, ilianzia kwenye umaskini. Kutoa santuri kuna gharama ambazo hazipungui hata ukitaka nakala chache: kuna kukata sauti kwenye sahani laini ya laka, kuna kuipaka madini ili ipatikane chapa ya chuma, ndipo mashine ianze kugandamiza plastiki. Utoe nakala 300 au 3,000, hatua hizo za mwanzo unazilipa zilezile. Bendi mbili zisizo na kitu zikichanga, mzigo unakuwa nusu. Na upande mmoja wa santuri ya inchi 7, kwa mizunguko 45 kwa dakika, unabeba dakika nne hadi tano za sauti yenye nguvu. Wimbo mmoja unatosha, hakuna anayembana mwenzake.

Halafu kuna jambo ambalo kwangu lina uzito kuliko pesa. Mzigo ukitoka kiwandani, bendi zinagawana maboksi, kila moja inakwenda kuuza kwao, kwenye meza ya mlangoni siku ya onyesho. Shabiki ananunua kwa sababu ya vijana wa mji wake, anafika nyumbani, anageuza, anakutana na watu wa mji wa mbali ambao hakuna redio ya kibiashara ingewapiga. Muziki wao unaingia nyumba ambayo wao wenyewe hawajulikani. Mtu aliyeijua bendi ya kwanza anakuwa mdhamini wa ya pili bila kusema neno.

Wazee wetu walikuwa na adabu hii ya kugeuza. Singo nyingi za Afrika Mashariki za miaka ya 70 zilikuwa na wimbo mmoja uliokatwa sehemu mbili. Upande wa kwanza unapewa mashairi, upande wa pili ndiko liliko chemko, magitaa yanaachiwa yajibizane. Asiyegeuza amekosa dansi. Spliti inadai mkono uleule uende kwenye santuri, tofauti ni kwamba ukigeuza unamkuta mtu mwingine kabisa.

Sasa tuje kwa hawa Jesus Lizard. Hadikoo ilikuwa panki ya Marekani ya mwanzoni mwa miaka ya 80, nyimbo fupi, kasi, kelele. Baadaye wapo waliochoka na kasi wakabaki na ule ukali na ule utaratibu wa kujifanyia mambo wenyewe, wakaleta mapigo yanayokatika, vituo vya ghafla, gitaa zisizopita njia ya kawaida ya roki. Hiyo ndiyo post-hadikoo, na Fugazi wa Washington ndio jina lake kubwa. Jesus Lizard ni wa ukoo huo, walianzia Austin, Texas, mwaka 1987. Mwimbaji David Yow na mpiga besi David Wm. Sims walikuwa wametoka bendi iliyoitwa Scratch Acid, gitaa lilikuwa la Duane Denison. Wakahamia huku Chicago, wakampata Mac McNeilly kwenye ngoma, na tangu hapo wakawa bendi niliyo tayari kuitetea mbele ya yeyote. Wapo wanaowaita noizi roki, yaani roki ya makelele. Sibishani nao, damu ni ileile.

Lebo yao ilikuwa Touch and Go ya hapa hapa Chicago, chini ya Corey Rusk. Sifa yake ilikuwa makubaliano ya kupeana mkono: gharama zikishatolewa, faida inakatwa katikati, nusu ya bendi na nusu ya lebo. Kumbuka hilo, kwa sababu upande wa pili wa meza walikaa Nirvana, ambao kufikia Januari 1992 albamu yao "Nevermind" ilikuwa imeiondoa "Dangerous" ya Michael Jackson kwenye namba moja ya chati ya Billboard ya Marekani. Walikuwa chini ya kampuni kubwa, Geffen. Hakuna hesabu ya gharama iliyowalazimu kugawana santuri na mtu.

Wakagawana. Februari 1993 singo ikatoka, na ilitoka Touch and Go, kwenye lebo ya wadogo. Uingereza ikafika namba 12 kwenye chati, mahali ambapo Jesus Lizard kwa miguu yao wenyewe hawakuwa wamewahi hata kupakaribia. Kurt Cobain, mwimbaji wa Nirvana, aliacha orodha ya albamu alizozipenda, kaiandika kwa mkono wake, na humo ndani imo EP (santuri fupi kuliko albamu) ya kwanza ya Scratch Acid, ile bendi ya zamani ya Yow na Sims. Kwa hiyo mwanafunzi alikwishakuwa tajiri, akaenda nyumbani kwa waalimu wake na kukaa nao sahani moja. Hii ndiyo sababu naiheshimu santuri hii kuliko singo nyingi za bei kubwa zaidi.

Nirvana spliti walikuwa wanazijua. Mwaka 1991 walitoa moja na Melvins, kila bendi ikirudia wimbo wa Velvet Underground, na nyingine kwa Sub Pop, lebo yao ya awali, waliyogawana na The Fluid wa Denver, "Molly's Lips" na "Candy". Hiyo ya pili ilikuwa singo yao ya mwisho Sub Pop, na ukiiinamisha kwenye mwanga utaona neno la kuaga, "Later", limechorwa kwenye ile sehemu laini inayozunguka karatasi ya katikati. Nimeishika mkononi na huwa nasita kuirudisha kwenye mfuko wake.

Tuseme kuhusu sauti, maana ndiko nilikotaka kufika.

"Oh, the Guilt" ilirekodiwa Aprili 1992 Seattle, kwenye studio ya nyumbani ya Barrett Jones iitwayo The Laundry Room, kipindi kilekile walichorekodi "Curmudgeon". Iweke baada ya chochote kutoka "Nevermind" utaona tofauti mara moja. Ule mng'ao haupo. Gitaa ni zito na lina ukungu, sauti ya Cobain imekwaruzika, na hakuna aliyepita kulainisha kona. Ni wimbo mzuri. Ila naona ni wimbo wa bendi iliyokuwa inatafuta njia ya kutoka kwenye umaarufu wake.

Geuza. "Puss" inatoka kwenye albamu yao "Liar" ya 1992, iliyorekodiwa na Steve Albini, fundi mitambo wa studio. Sikiliza besi ya Sims kwanza, maana ndiyo inayoendesha gari, inasaga kama jiwe la kusagia. Ngoma za McNeilly ziko mbele kabisa, unasikia na chumba kilivyojaa mpigo. Gitaa la Denison halifuniki mtu, linakata kwa mistari myembamba iliyonyooka, linanyamaza, linarudi pale ambapo hukulitarajia. Na Yow amezikwa humo katikati. Wanaosikia mara ya kwanza hulalamika kwamba mwimbaji hasikiki. Ndivyo Albini alivyopenda, sauti ya mtu iwe chombo kimojawapo, ipigane na vingine. Mashairi ni ya ukatili na hayapendezi, nakuonya mapema. Lakini bendi inayopiga kwa kubana kiasi kile huku ikionekana kama itavunjika saa yoyote sijaisikia mara nyingi.

Sasa unganisha tarehe. Mwezi uleule singo hii inatoka, Nirvana walikuwa Minnesota, studio ya Pachyderm, wanarekodi albamu yao "In Utero" na huyo huyo Albini. Ukiwa na santuri hii unashika njia panda mkononi: upande mmoja Nirvana kabla ya Albini, upande wa pili Albini akiwa na bendi iliyomwelewa kuliko zote. Piga pande zote mbili, kisha weka "In Utero", utasikia Nirvana wametoka wapi na walikuwa wanaelekea wapi. Simu yako haitakupa hilo, kwa sababu kwenye simu huo wimbo umekaa peke yake.

Na hapa ndipo linaponiuma. Nakala za singo hii zinazoletwa dukani naziweka chini ya taa na kuziinamisha taratibu. Mara nyingi mifereji ya upande wa Nirvana imekuwa ya kijivu, imeliwa na sindano mbovu za miaka. Nageuza, na upande wa Jesus Lizard unang'aa kama umetoka kiwandani jana. Mtu amekaa na "Puss" nyumbani kwake miaka thelathini na hakuwahi kuipa nafasi. Najua kibiashara upande safi ni habari njema. Mimi huwa nasikitika.

Kuhusu ununuzi wenyewe. Nakala ya Uingereza ilitoka kwa plastiki ya buluu, ya Marekani ni nyeusi, na Australia walipata yenye picha, hiyo ndiyo adimu. Jina la Nirvana linavuta watengenezaji wa bandia, hivyo usilipe kwa kutazama jalada peke yake, hata kama mchoro wa Malcolm Bucknall unavutia (na unavutia kweli, mzee wa Kihindi Mwekundu na mbwa mweupe wa manyoya). Mwombe muuzaji picha za pande zote mbili chini ya taa kali, na picha ya karibu ya sehemu laini pale mifereji inapoishia, penye maandishi yaliyochorwa. Akikataa, acha. Kama mifereji ya Nirvana ni ya kijivu, shusha bei bila aibu, maana wimbo huo upo pia kwenye boksi la "With the Lights Out" la 2004 na hutakufa kwa kuukosa kwenye plastiki. Kama upande wa "Puss" umechakaa, tafuta nakala nyingine.

Ukiipenda "Puss", nenda albamu yao "Goat" ya 1991 kabla ya "Liar". Jesus Lizard walivunjika 1999, wakarudiana baadaye, na 2024 wakatoa albamu mpya, "Rack", bado wakali.

Ukishapata picha za muuzaji zitupie hapa kwenye uzi, hasa ile ya maandishi yaliyochorwa, nitakusaidia kuikagua kabla hujatuma hela.