Maswali Yenu: Italia, Julai 1960

Tambroni aliingiaje madarakani?

Kwa hesabu ya kura. Aprili 1960 Waziri Mkuu Fernando Tambroni wa chama cha Demokrasia ya Kikristo alipata kura 300 za imani bungeni, waliompinga wakiwa 293. Toa wabunge wa MSI, chama cha warithi wa Mussolini, uone kama anapita. Mawaziri kadhaa wa chama chake walijiuzulu, naye akang'atuka, lakini Rais Giovanni Gronchi akamrudisha.

Katiba si inakataza ufashisti?

Inakataza kukiunda upya chama cha kifashisti kilichovunjwa. MSI walikuja kwa jina jingine, wakapigiwa kura.

Kwa nini vurugu za kumpinga Tambroni zianzie Genoa?

Kwa sababu MSI waliamua kufanyia mkutano wao mkuu huko, na huo ulikuwa ama ujinga ama uchokozi; mimi nasema uchokozi. Aprili 1945 jeshi la Wajerumani mjini Genoa lilijisalimisha kwa wapiganaji wa Kiitaliano wenyewe, waliopinga ufashisti, kabla Wamarekani hawajafika. Miaka 15 baadaye wengi wa wapiganaji hao walikuwa hai, wenye nguvu zao, baadhi wakipakua meli bandarini. Juu ya hayo ukavuma uvumi kwamba mkutano ungehudhuriwa na Carlo Emanuele Basile, mkuu wa jimbo hilo enzi za ufashisti, aliyewatishia wafanyakazi wagomaji kwamba angewapeleka Ujerumani. Juni 28 Sandro Pertini, rais wa baadaye, akauhutubia umati. Juni 30 mji uligoma, na katika uwanja wa De Ferrari vijana wenye fulana za mistari wakakabiliana na polisi. Mkutano haukufanyika.

Kuna waliouawa?

Ndiyo, ila si Genoa. Julai 5 aliuawa mtu mmoja Licata, Sicilia. Julai 7 polisi waliua watano Reggio Emilia, na kesho yake damu ikamwagika Palermo na Catania. Roma, Julai 6, polisi wa farasi waliwavamia waandamanaji wakiongozwa na Raimondo D'Inzeo, yule yule aliyetwaa dhahabu ya Olimpiki mjini humo Septemba!

Basi maandamano ya barabarani ndiyo yaliyomwangusha Tambroni?

Nusu. Hakuna kura ya bunge iliyomtoa. Chama chake kiliona gharama ya kuegemea MSI imezidi faida, akajiuzulu Julai 19. Amintore Fanfani akashika nafasi. Wasoshalisti, waliokuwa barabarani mwaka huo, walipata viti vya uwaziri chini ya Waziri Mkuu Aldo Moro Desemba 1963.