Kwa mnaoanza kuandikia wasanii nyimbo, mjueni kwanza Rod Temperton

Wadogo zangu mnaonitumia mistari kila siku afu mnauliza "bro hii kali?", leo nawajibu wote kwa mpigo. Mistari yenu mingi iko poa, tatizo mnaandika kama vile nyie ndo mtaenda kuimba. Kumwandikia mtu mwingine ni kazi nyingine kabisa na mi nimechelewa sana kuielewa, nimekuja kuielewa kwa kufuatilia mzee mmoja wa Uingereza ambaye jina lake wengi wenu hamjawahi kulisikia ila nyimbo zake mmezicheza tangu wadogo kwenye harusi za mashangazi zenu.

Anaitwa Rod Temperton. Thriller ya Michael Jackson kaitunga yeye, maneno na muziki. Rock with You yeye. Off the Wall yeye. Give Me the Night ya George Benson yeye tena. Sasa tafuta picha zake uone utakavyohangaika, mwenyewe alikuwa hapendi kujionyesha mpaka wakambandika jina la mtu asiyeonekana.

Kazaliwa 1949 Cleethorpes, kamji ka pwani ya mashariki ya Uingereza, jirani na Grimsby ambako habari yao ni samaki, na kweli alipomaliza shule kazi ya kwanza aliipata ofisini kwenye kampuni ya vyakula vya kugandisha huko huko Grimsby. Akaacha, akaingia kupiga kinanda kwenye bendi za dansi, miaka ya 70 mwanzoni akahamia Worms, Ujerumani. Hapo Worms ndo napapenda. Jamaa aliyemfahamu enzi hizo alisimulia kwamba maisha yote yalikuwa ndani ya chumba kimoja, kitanda cha kukunjua, kinanda cha Wurlitzer, na pembeni lundo la nguo chafu zinazonuka, na hapo hapo ikatoka Always and Forever ambayo mpaka leo watu wanaiweka kwenye harusi zao. Kwa hiyo we unayesubiri laptop mpya na spika za laki nane ndo uanze kutunga, sijui nikwambieje.

Mwaka 1974 akajibu tangazo la gazetini, kuna mwimbaji Mmarekani Johnnie Wilder alikuwa anatafuta mpiga kinanda, wakapiga kazi pamoja kwenye bendi ya Heatwave, 1977 wimbo wao Boogie Nights ukafika namba 2 kwenye chati za Marekani na Uingereza pia. Quincy Jones, prodyuza wa Michael Jackson, akazisikia zile kazi akamtafuta Temperton aje aandike kwenye albamu mpya ya Michael. Jamaa akaandaa nyimbo tatu akijua watachagua moja, wakachukua zote tatu.

Sasa tulieni hapa. Kabla hajamwandikia Michael alikaa kwanza akachunguza huyu kijana anaimbaje, akaona dogo anatembea na ngoma, anakata kata, basi akamtengenezea melodi yenye noti fupi fupi nyingi ili apate pa kuchezea. Weka Off the Wall usikilize, afu weka Always and Forever aliyoimba Wilder, kule sauti inavutwa mpaka unajiuliza huyu mtu anapumua saa ngapi. Mtunzi yule yule ila makoo mawili tofauti. Somo ndo hilo na ningelijua mapema nisingeaibika.

Maana mi niliwahi kumwandikia dada mmoja kiitikio, nyumbani nilikuwa nakiimba mwenyewe naona hiki ndo kinanitoa Mwananyamala. Kilikuwa na "nimekuzoea" ndeeefu, inapanda afu inashuka. Tumefika studio, yule dada ana sauti tamu lakini pumzi fupi, akawa anaimba "nimeku..." anavuta hewa, "...zoea". Mara ya kwanza tukacheka. Mara ya tisa hakuna anayecheka, prodyuza kavua hedifoni kaenda kununua chipsi. Dada wa watu akaanza kujiona yeye ndo hajui kuimba na kosa lilikuwa langu, sikuwahi hata kumpigia simu akaniimbia kitu chochote. Siku hizi kabla sijaandika neno namwomba msanii anitumie voisi noti akiimba wimbo wowote anaoupenda, hata kaswida, nasikiliza anapumulia wapi, ipi irabu yake, a inamkaa au i, akipanda juu sauti inakonda ama inanenepa. Ukishajua hayo nusu ya kazi imeisha.

Kingine ni uvivu wa jina la wimbo. Thriller mwanzo ilikuwa inaitwa Starlight. Quincy akamwambia tafuta jina lingine, Temperton akaenda hotelini akaandika majina kama 200 au 300 hivi, usiku akalala na Midnight Man, asubuhi anaamka neno lenyewe hilo hapo kichwani. Mia mbili jamani. Nyie mnaniletea jina moja afu mnanuna nikisema badilisha.

Ila pia msiogope presha. Yale maneno ya kutisha ya mwishoni mwa Thriller, aliyoyasoma yule mwigizaji Vincent Price, Temperton kaanza kuyaandika siku ile ile ya kurekodi huku anasubiri teksi, mengine kayamalizia ndani ya gari. Anafika studio anaona limuzini ya Price nayo ndo inafika, akamwambia dereva zungukia nyuma, akakimbia kutoa kopi, mzee kakaa kwenye maiki kasoma mara mbili tu kazi imeisha. Lakini angalieni, huyo ni mtu mwenye miaka kibao ya kutunga, we usije ukaniambia unaandikia kwenye bodaboda kwa sababu Temperton aliandikia kwenye teksi.

Na kutoonekana kwake msikuelewe vibaya. Uso haukuonekana ila jina lilikuwepo kwenye kila santuri, na pesa ilimfuata. Mi kiitikio changu kimoja nilikisikia kwenye daladala, konda anakiimba kuliko hata redio, nikatafuta kwenye Youtube jina langu halipo, na sikuwa na hata kikaratasi. Kwa hiyo maiki haijawashwa bado, andikeni, hata kwenye daftari la mtoto, jina la wimbo, nani katunga nini, asilimia ngapi kwa ngapi, tarehe, sahihi zenu, piga picha tumianeni wote WhatsApp, afu nendeni COSOTA, ile ofisi ya hakimiliki ya Tanzania, mkausajili. Msanii akinuna kuhusu karatasi mwambieni kaka mkubwa ndo kanituma, anipigie.