Maswali ya Wasomaji: Thelma Ritter na nafasi zinazoitwa ndogo

SWALI: Ndugu Mhariri, hivi karibuni niliangalia filamu ya zamani ya Alfred Hitchcock, Rear Window, na aliyenivutia kuliko mastaa wake wawili ni Stella, yule muuguzi mtu mzima anayekuja kumkanda mgonjwa mgongo huku akimkaripia kwa kuchungulia madirisha ya watu. Nimeambiwa kwamba aliyemwigiza, Thelma Ritter, aliteuliwa kuwania Oscar mara sita na asiipate. Je, ni kweli? Na kwa nini mwenye kipaji kile hakufanywa stelingi? Nauliza kwa sababu nami nipo katika kikundi cha sanaa, na kila mchezo napangiwa kuwa mama wa mtu au jirani.
Msomaji, Morogoro

JIBU: Ni kweli, dada yangu. Kwa filamu za kati ya mwaka 1950 na 1962, Ritter aliteuliwa mara sita katika kundi la mwigizaji bora msaidizi wa kike, nne za kwanza zikiwa za miaka iliyofuatana, na kila mara tuzo ilikwenda kwa mwingine. Hata hivyo hakuondoka mikono mitupu, kwani mwaka 1958 alipata Tony, tuzo kubwa ya jukwaa nchini Marekani, tena kama mwigizaji mkuu wa mchezo wa muziki, akilingana na mwenzake wa mchezo huohuo, Gwen Verdon.

Kuhusu ustelingi, kumbuka kwanza kwamba alichelewa kuingia katika sinema. Alizaliwa Brooklyn mwaka 1902, akasomea uigizaji, akaolewa, akaliacha jukwaa ili alee watoto wake wawili, kisha akarudi kazini kupitia redio. Filamu yake ya kwanza, Miracle on 34th Street ya mwaka 1947, ilimkuta ana umri wa miaka ya arobaini na kitu, naye alikuwa mama aliyechoka kuzunguka madukani, katika kipande kifupi ambacho hata jina lake halikuandikwa.

Lakini umri peke yake hautoshi kuwa jibu. Mwaka 1955 aliigiza katika runinga mchezo wa Paddy Chayefsky, The Catered Affair, akiwa mama wa familia maskini ya Bronx anayetaka kumfanyia binti yake harusi wasiyoimudu, na humo yeye ndiye aliyebeba mchezo mzima. Mwaka uliofuata hadithi hiyo ilipotengenezwa kuwa filamu, nafasi yake alipewa Bette Davis, ambaye katika All About Eve ya mwaka 1950 Ritter alikuwa mtumishi wake wa chumba cha kuvalia. Runinga ya wakati ule ilikuwa tayari kumwacha mwanamke wa sura ya kawaida ashike hadithi. Studio za sinema zilitaka jina la kuuzia tiketi. Naliona hilo kuwa dhulma, na simlaumu Davis, maana hakuwa yeye aliyeweka utaratibu huo.

Kama ningeulizwa ni wapi alipostahili Oscar, ningetaja bila kusita Pickup on South Street ya Samuel Fuller, ya mwaka 1953. Humo yeye ni Moe, mama anayeuza tai barabarani na kuwauzia polisi habari za wezi, akidunduliza fedha ili asije akazikwa katika makaburi ya maskini wasio na mtu. Usiku mmoja anarudi chumbani kwake amechoka, anaweka santuri, na mtu mwenye bastola anamtaka aseme kijana fulani anaishi wapi. Moe, ambaye maisha yake yote ameuza siri, anakataa kuiuza hii. Hapigi kelele wala halii. Anaongea taratibu, kama mtu anayeeleza jinsi miguu inavyomuuma, na kamera inapogeuka kuitazama santuri tunasikia mlio wa risasi. Ritter hamwombei Moe huruma yetu hata kidogo, na ndiyo maana tunampa yote.

Hapo, dada yangu, ndipo penye la kujifunza kwa nafasi unazopangiwa. Moe ana haja yake mwenyewe, ile ya kaburi la heshima, isiyohusiana kabisa na mambo ya stelingi. Mwandishi wa mchezo wenu akikuletea jirani asiye na haja yoyote, mtafutie moja kabla ya mazoezi, hata kama haitatamkwa jukwaani.

Pickup on South Street ina dakika 80 tu, kwa hiyo anza nayo. Kisha tazama All About Eve, umfuatilie Birdie, mtumishi anayemshuku mapema Eve, msichana anayejipenyeza kwa mwigizaji maarufu, huku wengine wote wakiwa bado wanamhurumia.