Insha ya KCSE: punguza mapambo, sema jambo lako

Moki, ile mitihani ya majaribio kabla ya KCSE (mtihani wa kumaliza sekondari Kenya), zikikaribia kila mwaka naona kitu kimoja kinakula watu maksi kuliko hata sarufi. Mwanafunzi anapewa swali, hajalisoma mara mbili, tayari kalamu iko kwa karatasi na kumekucha: amerauka jogoo wa kwanza alipowika, miali ya jua imepenya dirishani, ndege wanatumbuiza, amepiga moyo konde, na ukurasa umeisha kabla mimi msahihishaji sijajua kama swali lilikuwa la mafuriko ama la harusi. Ukifika katikati ya rundo hao ndege wanaanza kukukera, ukweli ni huo.

Najua inatoka wapi. Kuna vile vidaftari vya misemo ambavyo watoto wanakariri tangu praimari, halafu wanakutana na mtu anawaambia ati bila methali tano na tashbihi kumi hupati A. Na kwa vile miongozo ya kusahihisha inataja ukwasi wa lugha, wengi wanafikiria ukwasi ni kurundika. Si hivyo bana. Mwandishi mkwasi ni yule ambaye akitaka neno la kuelezea venye mtu alivyokasirika, analo, analiweka, anaendelea na stori yake. Yule anaandika "alikasirika akakasirika, akafura kwa hasira mithili ya chatu, hamaki zikampanda" amesema kitu kimoja mara tatu nne na wewe msomaji bado unangoja kujua alifanya nini baada ya hapo.

Piga hesabu kidogo. Karatasi ya kwanza ya Kiswahili ni insha mbili, ya lazima na moja ya kuchagua, kila moja alama 20, na kila moja isipungue maneno 400. Muda ni saa 1 na dakika 45. Ukitoa dakika za kusoma maswali na kupanga hoja, hujabaki hata na lisaa limoja kwa kila insha. Sasa kama jua kuchomoza limekula maneno mia moja, hiyo ni robo ya kazi umempa jua.

Hebu tuangalie sentensi moja, nimeitunga mwenyewe lakini ndugu zake nakutana nao kila muhula: "Katika ulimwengu wa kisasa tunamoishi ambao umeghubikwa na mabadiliko chungu nzima, ni bayana na dhahiri shahiri kwamba vijana ambao ndio viongozi wa kesho wamejitosa katika lindi la mihadarati." Inasikika vizuri ukiisoma kwa sauti, shida ni kwamba ukiikamua unabaki na vijana wanatumia mihadarati, jambo ambalo swali lenyewe lilishakuambia. Sasa weka hii: "Vijana wengi mtaani kwetu huanza bangi wakati wa likizo, kwa sababu mchana kutwa hawana la kufanya." Hapo kuna nani, lini, na kwa nini, na ile "kwa sababu" imekupa aya nzima ya kueleza, yaani hoja imejizaa yenyewe. Mtahini anaweka tiki bila kusita maana haitafuti.

Kitu kingine cha sentensi ndefu ni kwamba ngeli zinakuponyoka. Mtu anaandika: "Matatizo ya ukosefu wa maji safi katika vijiji vilivyoko kando ya mto huo vimesababisha magonjwa." Vimesababisha nini tena? Kilichosababisha ni matatizo, ilifaa iwe yamesababisha, lakini mpaka anafika kwa kitenzi ameshapita kwa ukosefu, maji, vijiji na mto, na vijiji ndivyo vilivyobaki vinamlia masikioni. Huyu mtoto anajua ngeli, ukimuuliza kwa karatasi ya pili, ile ya lugha, atakujibu fiti kabisa. Dawa ni kuleta kitenzi karibu na mwenyewe: "Vijiji vya kando ya mto huo havina maji safi. Wakazi wengi wameugua." Sentensi mbili, makosa sufuri. Si ati uandike hivyo vifupi mwanzo mpaka mwisho, itasomeka kama telegramu, changanya, ila ukiona ambao, ambayo na ambacho zimekutana kwa sentensi moja ujue umeingia msituni.

Kwa insha ya lazima, hii ya kiuamilifu, yaani ya kazi maalum kama ripoti ama barua, mapambo ndiyo hayana kazi kabisa. Ripoti ni ripoti. Watu wanakariri muundo vizuri sana, kichwa, utangulizi, hadidu za rejea, matokeo, wanafika kwa mapendekezo wanaandika "serikali ifanye juu chini kukabiliana na janga hili." Serikali gani, ifanye nini? Andika "serikali ya kaunti ichimbe kisima katika uwanja wa shule" na umemaliza, hilo ni pendekezo ambalo mtu anaweza kulitekeleza Jumatatu.

Methali mimi sizikatai. Moja iliyokaa mahali pake inatosha, na usiitangulize na ile "wahenga hawakutupaka mafuta kwa mgongo wa chupa waliponena kwamba", ni maneno mengi ya kumkaribisha mgeni mmoja. Kama swali lenyewe ni la methali, usipoteze muda kuisifia, tunga kisa, na kisa kioneshe pande zote mbili. Mtaka cha mvunguni sharti ainame: lazima tuone mtu anayetaka kitu, na lazima tumuone akiinama. Wengi wanatuonesha mtu anataka, anateseka, halafu anapata tu kwa bahati. Hapo methali haijadhihirika hata ungeitaja kila aya.

Halafu acha dakika chache za mwisho kwa tahajia, na usisome kama msomaji maana jicho litakudanganya, pita neno kwa neno. Ya kuwinda ni haya: maneno uliyoyakata, "ni mefika" badala ya nimefika, "ana penda" badala ya anapenda. Ufupisho wa simu, ktk, ss, hvo. Dh na th, l na r, kila mtu na lugha yake ya nyumbani inavyomvuta, wewe mwenyewe unajua yako. Na "kwa" pale ulipotaka "katika" ama -ni, hii ya "kwa nyumba" tunaiongea wote hata mimi hapa nimeimwaga kote, lakini kwa mtihani andika nyumbani.