Ukichonga kwa Mazao, Anza na Maji

Wanaoanza sanaa ya usimikaji, yaani kazi kubwa zinazojengwa palepale zinapoonyeshwa, kwa nafaka, mabua, magunia na mkonge hukimbilia umbo. Pima maji kwanza. Punje iliyotoka shambani ingali hai: inapumua, inatoa joto na unyevu. Ifungie mbichi nyuma ya kioo, na baada ya siku chache kioo kitatoka jasho, kisha ukungu utaanza kwenye kona za chini.

Kipimo ni chupa kavu yenye kifuniko. Tia nafaka hadi theluthi ya chupa, ongeza vijiko viwili vya chai vya chumvi, tikisa dakika moja, acha itulie dakika 15. Chumvi ikiganda kwenye kuta za chupa, unyevu umepita asilimia 15 na nafaka irudi juani. Ikishuka yote, endelea, ingawa kwa kazi itakayokaa miezi ni bora ufike 13. Chumvi nayo ikaushwe kwanza. Ikiwa na unyevunyevu, kipimo kizima ni bure.

Nafaka kavu bado inaweza kuwa na fukusi, kwa sababu yai lake limo ndani ya punje na jicho halilioni. Funga nafaka kwenye mfuko wa plastiki, kamua hewa, iweke kwenye friza ya nyuzi -20 kwa wiki mbili. Ukiitoa, usifungue mfuko kwa saa 24: punje zikiwa baridi, mvuke wa hewani hugeuka maji juu yake na kazi yote ya kukausha inapotea. Magunia na mabua yapite njia hiyohiyo. Jumba la sanaa likikataa kazi kwa sababu ya mdudu mmoja, lina haki, maana fukusi hatambui mpaka kati ya kazi yako na ya jirani.

Kuhusu uzito, mita moja ya ujazo ya mahindi ni kilo 720 hivi. Mnara wa sentimita 50 kwa 50, wenye kimo cha mita 2, unabeba kilo 360, na nafaka husukuma kuta kwa pembeni. Plastiki angavu ya milimita 3 itatuna tumbo. Ifunge kwa fremu za chuma, zikaribiane zaidi kuelekea chini. Lundo lisilo na kuta lina mteremko wake, nyuzi 25 hivi, kwa hiyo tako la kipenyo cha mita 2 halifiki kimo cha nusu mita hata umwage gunia ngapi. Ukitaka kilima kirefu, unda kiunzi cha mbao na waya wa kuku, kivike kitambaa, ugundishe punje juu yake.

Kwa magunia, zitazame kazi za Ibrahim Mahama wa Ghana, aliyefunika kuta kwa magunia ya juti yaliyoshonwa pamoja huko Venice mwaka 2015. Shona kwa shazia, yaani sindano kubwa ya magunia, na uzi wa katani, ukingo ukunjwe mara mbili, la sivyo juti itafumuka. Pima gunia moja kavu, liloweshe, lipime tena. Hesabu ya nanga na kamba ifuate uzito wa pili.

Dhidi ya moto, changanya boraksi sehemu 7 na asidi ya boriki sehemu 3 kwa uzito, gramu 150 za mchanganyiko kwa lita ya maji moto. Nyunyiza mabua, yakauke, uchome kipande cha majaribio nje. Mvua huiosha, hivyo ni dawa ya ndani tu.

Kazi inayoota hufuata msimu. Msanii Agnes Denes alipanda ngano ekari 2 huko Manhattan mwaka 1982, akaipanda Mei na kuivuna Agosti. Udongo ulibebwa kwa malori kwanza. Tarehe ya ufunguzi ihesabiwe kurudi nyuma kutoka siku ya kukomaa.

Siku ya kubomoa, tenganisha mifuko. Nafaka iliyogandishwa bila dawa na kukaa safi nyuma ya kioo inaweza kwenda kwa mifugo. Iliyoguswa na boraksi au gundi isiende kwa kiumbe yeyote, na mfuko wake uandikwe hivyo kwa herufi kubwa kabla haujatoka ukumbini.