Kazi ni kazi, kibali ni kibali

Mwanangu mpenzi,

Barua yako nimeisoma mara mbili, mara ya pili nikiwa nimevaa miwani. Unauliza: watu wakitwaa madaraka kwa mtutu wa bunduki, kisha wakatawala vizuri, wakajenga, wakalipa mishahara kwa wakati, na wananchi wakanyamaza, je, serikali hiyo ni halali? Na unataka jibu la ndiyo au hapana, kana kwamba hunijui.

Hilo la kunyamaza tulimalize kwanza, maana ndilo jepesi. Mwanafalsafa Mwingereza John Locke aliona kwamba hata mtu anayepita tu katika barabara za nchi amekwisha kuridhia kimyakimya kuitii serikali yake. Mwaka 1748 mwanafalsafa Mskoti David Hume akamjibu kwa mfano ambao nilikuwa nikiwapa wanafunzi wangu kila mwaka: ni sawa na kusema kwamba mtu aliyebebwa usingizini akaingizwa melini amemkubali nahodha kwa kuwa hajashuka, na huku akishuka anaangukia baharini. Ukimya wa abiria wa namna hiyo usinihesabie kuwa ni ridhaa.

Lakini kutawala vizuri? Hapo ndipo unaponigusa, na nadhani ulijua.

Unakumbuka chama cha wapangaji. Ulikuwa mdogo, lakini makelele uliyasikia. Nilichaguliwa mwenyekiti kwa mwaka mmoja, ndivyo katiba yetu ilivyosema, katiba ambayo nusu yake niliiandika kwa mkono wangu. Mwaka ukaisha tukiwa katikati ya mazungumzo na mwenye nyumba kuhusu mabomba na kodi. Nikasema, uchaguzi usubiri kidogo, tusibadili dereva gari likiwa mlimani. Kidogo kikawa miezi tisa. Na kazi niliifanya, mwanangu! Mabomba yalitengenezwa, taa za ngazi zikawaka, kodi haikupanda. Hakuna aliyelalamika.

Mpaka mkutano ule, mama yako mdogo aliposimama. Ndugu yangu wa tumbo moja. Akasema, mbele ya watu wote, "Dada, hapo ulipo umekaa kwa idhini ya nani?" Nikaanza kutaja mabomba. Nikataja taa. Akanisubiri nimalize, kisha akasema taratibu, "Sikuuliza umefanya nini. Nimeuliza nani amekuweka."

Nilitamani sakafu ipasuke. Miaka mingi nimesimama darasani nikirudia msemo wangu, kazi ni kazi, kibali ni kibali, na siku hiyo nikasomeshwa somo langu mwenyewe na mtu niliyemfundisha kusoma.

Nilipofika nyumbani nilimwambia baba yako: yeye ni nani wa kuniuliza? Si ndiye aliyeshika funguo za nyumba ya bibi yenu mwaka mzima bila kumshauri mtu? Baba yako akacheka tu. Baadaye nikamkumbuka Mfalme Charles wa Kwanza wa Uingereza. Januari 1649 walimpeleka mbele ya mahakama wakamtaka ajibu mashtaka, naye akakataa kujibu, akawa anauliza jambo moja tu siku baada ya siku: mmeniita hapa kwa mamlaka gani? Hawakuwa na jibu zuri. Mahakama ile iliundwa na mabaki ya Bunge la Makabwela, baada ya askari kuwafukuza wabunge wasiotakiwa mwezi uliotangulia, na Bunge la Mabwana, yaani la makabaila, likakataa kuiunga mkono. Wakamkata kichwa tarehe 30 na swali lake likabaki limesimama. Ila yeye mwenyewe alikuwa ametawala miaka 11, tangu 1629 hadi 1640, bila kuita Bunge hata mara moja. Muulizaji hakuwa msafi. Swali lilikuwa safi. Ilinichukua karibu miaka miwili kulikubali hilo kuhusu mama yako mdogo, na miaka hiyo miwili hatukusemeshana, unajua.

Sasa nakusikia ukisema: kwa hiyo kibali kikiwepo yametosha? Hapana, ngoja. Hitler hakuvunja mlango. Tarehe 30 Januari 1933 aliteuliwa kansela na rais aliyekuwa na haki ya kumteua, na miezi miwili haijatimia Bunge likampa uwezo wa kutunga sheria bila Bunge, huku baadhi ya wabunge wakiwa wamefungiwa nje au wamo jela. Kibali kilikuwepo, au walau karatasi yake, na akakitumia kuhakikisha hakuna atakayekidai tena. Kwa hiyo labda msemo wangu ni mfupi mno. Labda kibali si kile ulichopewa siku ya kwanza, ni kile ambacho watu wanaweza kukunyang'anya siku yoyote wakirudi nyumbani salama. Lakini nikisema hivyo, basi ile miezi tisa yangu ilikuwa halali, maana mama yako mdogo alisimama, akauliza, akarudi nyumbani salama. Unaona ninavyojitafutia mlango wa nyuma?

Usiku uleule wa mkutano wetu tulipiga kura. Nilishinda, tena kwa mbali. Ungedhani ushindi ungenipoza. Haukunipoza, kwa sababu barua nilizomwandikia mwenye nyumba miezi ile tisa nilizitia saini "mwenyekiti", na kura ya leo hairudi nyuma kuisafisha saini ya juzi. Louis-Napoléon, rais wa Ufaransa, alidhani inarudi. Katiba ya Ufaransa ilimkataza kugombea urais mara mbili mfululizo, basi tarehe 2 Desemba 1851 akalivunja Bunge kwa askari, na kabla mwezi haujaisha akawaita watu wapige kura. Zaidi ya milioni 7 wakasema ndiyo. Je, walimpa uhalali, au walimpa risiti ya mali aliyokwisha kuichukua? Wapinzani wake walikuwa gerezani au mbioni, kwa hiyo kwake sihangaiki sana. Hao watawala wako wa barabara nzuri ndio wananisumbua, na ulimi unaniwasha kusema hapana moja kubwa. Nitauzuia. Niambie kwanza huko nani anaweza kusimama mkutanoni, na kura anahesabu nani.

Maana zangu alihesabu mama yako mdogo mwenyewe, kwa sauti, karatasi moja moja. Arobaini na moja kwa sita. Mpaka leo hataki kuniambia kama yeye alikuwa miongoni mwa wale sita.

Mama yako